Mwantum Anaonja Kwanza

Asubuhi ile mtaa wetu uliamka bila jogoo. Nilidhani nimepitiwa na usingizi, kumbe ni wao walionyamaza. Nilipotoa jiko langu nje nikaona kunguru wamejaa jalalani nyuma ya soko, hawaruki hata ukiwapigia makofi, na upepo wa Singida, huu usiojua kupumzika, unasukuma manyoya barabarani mpaka kwenye vibaraza vya watu. Sikupenda. Sijawasha hata moto, kaka yangu Hosea akanipigia simu kutoka Kinyangiri.

"Rahabu, kideri kimeingia," akasema, hata salamu hakumaliza. "Banda la jirani limekwisha lote. Watu wanauza kuku kwa bei ya kutupa, wawahi kabla hawajafa. Huko mjini angalieni mnachokula."

Kwa asiyejua, kideri ni ugonjwa wa kuku. Kuku anasinzia, shingo inapinda, kesho hayupo. Anayemla kwa kawaida hadhuriki, lakini kuku aliyejifia mwenyewe ni kibudu, na kibudu kwa Muislamu ni haramu. Kwetu Kinyangiri hata sisi Wakristo tukiwa na shughuli tunamwita jirani Muislamu aje ashike kisu, ili nyama ikiiva pasiwe na mtu wa kukaa pembeni akila mchicha. Nimekua hivyo, na sioni kwa nini niwe vingine.

Mtu wa kwanza niliyemfikiria ni Mwantum.

Mwantum ni jirani yangu, mjane, mwembamba, mwenye sauti ya kuamrisha. Babu yake alikuja huku na biashara ya nguo kutoka pwani akaoa Mnyaturu wa Mwankoko, na nyumba aliyojenga, ya udongo na bati, yenye kibaraza kirefu, ndiyo Mwantum anayokaa hadi leo. Duka la nguo lilikufa kabla ya mumewe. Ndipo akaanza hii kazi ya kutembeza wageni jioni. Vijana wa mahotelini wanampigia simu, naye anawapokea watu wa semina, wasafiri wa malori wenye muda, mara mojamoja Wazungu, anawapitisha kwa miguu katika mtaa wetu wa zamani na kuwalisha. Wanaanza na kahawa chungu na kashata kwenye kibaraza chake, huku akiwaeleza nani alijenga nyumba ipi na nani alimnyang'anya nani mke. Wanakwenda kwa Sikudhani kula ugali wa mtama na mlenda. Wanakuja kwangu, nawapa mihogo ya kukaanga na pilipili. Mwisho kabisa ni kuku wa kienyeji wa kuchoma, kwa Rahimu, ng'ambo ya barabara, mkabala na jiko langu.

Sasa, jambo ambalo wageni wote walilikumbuka ni kwamba Mwantum huonja kwanza. Kila kituo, chakula kikiwekwa, yeye hukata tonge au kipande, husema bismillahi, hula mbele ya macho yao, humeza, ndipo anasema karibuni. Alifundishwa na bibi yake, kwamba mgeni hamjui mpishi, anamjua aliyemleta. Hata kwetu anayeleta kibuyu cha pombe hunywa wa kwanza. Wengine wanafanya kama mchezo. Mwantum hakuwa anacheza. Siku moja maziwa ya mgando ya mama mmoja hapa yalikuwa na harufu, akayaonja, akayatema, akawageuza wageni wote wakaondoka, na yule mama hakusema naye mwaka mzima. Watu walimwamini mdomo wake, na hakuwa na mtaji mwingine.

Na Rahimu ni mdogo wake, tumbo moja. Mama yao alipofariki Rahimu alikuwa hajaota meno, Mwantum akamlea mgongoni, akamsomesha alivyoweza, akamtafutia hapo anapochomea. Kwa Rahimu, Mwantum alionja, lakini mimi niliyekaa mkabala nilikuwa naona: kwa wengine aliangalia kwanza, kwa Rahimu alitia tu mdomoni.

Nilimfuata asubuhi hiyohiyo nikamweleza maneno ya Hosea.

"Mama Paschal, nimesikia," akasema. "Jioni nina wageni kutoka Dodoma. Nimeshamuuliza Rahimu, ameniapia. Kuku wake ameletewa wazima."

"Kuapa kitu gani? Kaangalie mwenyewe."

"Nikamkague mtoto niliyemlea?" Akacheka kidogo, kicheko cha kunifungia mlango. Nikarudi zangu.

Rahimu huchinjia uani kwake, nyuma tu ya jiko, baada ya sala ya alasiri. Miaka yote mlango wa ua ulikuwa wazi, kuku wanapiga kelele, na mchanga unalowa damu, na mbwa wa mtaa wanakuja kuunusa. Siku hiyo mlango ulifungwa. Sikusikia kuku hata mmoja. Matenga niliyaona yakiingia mchana, ya kwenye pikipiki, yamefunikwa turubai, na hakuna kilichokuwa kikitikisika ndani. Jua lilipoanza kushuka Rahimu akatoka na kuku tayari wamenyonyolewa, shingo zimekatwa vizuri kabisa, akawapanga juu ya moto. Akaacha mlango wazi kidogo nyuma yake. Nikachungulia. Mchanga ulikuwa mkavu. Mbwa walipita wakaendelea na safari yao.

Nilishaelewa, nasema kweli. Lakini nifanye nini? Mimi Mkristo, muuza mihogo, nisimame barabarani niseme nyama ya Rahimu ni kibudu, kesho mtaa mzima ungesema Rahabu anamwonea gere, anataka wateja. Na kwa neno kama hilo watu humpiga mtu. Nikamtumia Mwantum ujumbe kwenye simu, "Mchanga wa Rahimu mkavu." Aliusoma.

Magharibi ilipokwisha wakaja. Kikundi kidogo cha watu wa semina, na pamoja nao mzee mmoja wa Kondoa, Mzee Amri, na binti yake Swaumu aliyekuwa kwenye hiyo semina. Mzee alivaa kanzu safi na koti juu, anatembea taratibu kwa fimbo. Upepo ulikuwa umezidi, taa za vibanda zinayumba, moshi unaingia machoni. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akaniuliza hali ya watoto kama ananijua. Alikula muhogo mmoja tu.

"Baba halagi nyama nje," Swaumu akaniambia pembeni. "Tangu zamani. Huwa anasema hamjui aliyeshika kisu."

Wakavuka kwenda kwa Rahimu. Rahimu aliwakaribisha kwa maneno mengi kuliko kawaida yake, akamkatia dada yake paja, akalishika kwa karatasi, akampa bila kumtazama. Hapo ndipo niliacha kugeuza mihogo yangu, ikaungua.

Mzee Amri akasogea. "Mwanangu," akamwambia Mwantum, "nimekuangalia jioni nzima. Kila kitu unaonja wewe kwanza. Hata bibi yangu alikuwa hivyo. Ukila wewe, leo na mimi nitakula."

Mwantum akasema bismillahi, akauma.

Nilikuwa nimevuka nikasimama karibu naye, penye taa ya jiko. Kuku aliyechinjwa mzima damu yake inamtoka, nyama inakuwa safi mpaka kwenye mfupa. Aliyekatwa shingo akiwa tayari maiti, damu inabaki ndani; ukimchoma, pembeni ya mfupa inaganda nyeusi na mishipa inaonekana kama nyuzi. Hakuna mwanamke wa Singida asiyejua. Mwantum aliuma, akatoa kipande mdomoni mwake akakitazama, halafu akautazama mfupa, mweusi pembeni. Akanyanyua macho kwa Rahimu, na Rahimu akainama kupuliza moto ambao tayari ulikuwa unawaka.

Wageni walikuwa wanangoja. Nilisema moyoni, tema. Tema, mwanamke, kama ulivyotema maziwa.

Akaweka kidole gumba juu ya ile sehemu nyeusi, akakirudisha kipande mdomoni, akatafuna, akameza. "Karibuni," akasema. Sauti yake ilitoka sawasawa.

Nilimkasirikia sana. Na nilimwonea huruma hapohapo, maana niliona alichokuwa anakiona: watu wanamburuza Rahimu, jiko limepinduliwa, mtoto wa mgongoni mwake yuko chini. Lakini Mzee Amri alishakaa kwenye benchi, mbali na taa. Alinawa, akala polepole kwa heshima, kwa furaha hasa, kwenye gizagiza, huku mwanawe akimpasulia nyama. Wengine walikula wakasifu. Mwantum alisimama amekunja mikono, hakula tena. Upepo ulimvua mtandio akauacha ukining'inia begani.

Mzee alipomaliza akamwita.

"Mwenyezi Mungu akubariki, mwanangu. Sikumbuki lini nimekula nyama ya kununua. Nina jambo. Mama yake Swaumu huko nyumbani anaumwa, miezi sasa chakula hakipiti. Kitu anachokitaja ni kuku wa Singida, alimla alipokuwa msichana. Swaumu anaondoka na gari la alfajiri. Nifungie mmoja mzima. Nitamwambia umeonja wewe, atakula."

Rahimu alisikia. Nakuambia, alishachukua gazeti la kufungia, alishamtoa kuku kwenye moto, anamfunga harakaharaka kama mtu anayeficha kitu, akamnyooshea dada yake. Mwantum akaupokea mzigo. Ulikuwa wa moto, mafuta yanapenya karatasini. Alisimama nao katikati, kati ya ndugu yake na yule mzee, na sikuweza kujua ataelekea wapi.

Akauweka chini, kwenye vumbi.

"Baba, usimpelekee mama," akasema. "Hawa kuku ni vibudu. Walikufa njiani. Ndugu yangu amewakata shingo wakiwa wamekufa."

Mmoja wa wageni akatema. Swaumu akashika mdomo. Rahimu akasema, "Dada," mara moja tu, akaacha koleo likaanguka, akaingia uani akafunga mlango, nikasikia komeo. Watu wa vibanda vya jirani walishaanza kusogea, wanaulizana kuna nini, na mmoja tayari alikuwa ameshika jiwe. Nikasimama mbele ya ule mlango na kisu changu cha mihogo. Sijui nilitaka kufanya nini nacho.

Mzee Amri hakuinuka. Aliomba maji, nikampelekea ya kwangu. Akasukutua, akatema kando, akasukutua tena. Akafuta ndevu. Kisha akainua mkono kidogo, na kwa kuwa alikuwa mzee wa kanzu na fimbo, wale watu wakanyamaza, na mwenye jiwe akalishusha.

"Asiyejua hana dhambi," akamwambia Mwantum, taratibu, kama anamfundisha mtoto. "Mimi nimekula sijui. Langu limekwisha. Nauliza kwa ajili yako. Ulijua kabla sijala, au baada?"

Mimi ningesema baada. Naapa, ningesema baada, na ninyi wote mngesema hivyohivyo. Sote pale tulitaka aseme baada. Lilikuwa neno dogo, na hakuna aliyeuona ule mfupa isipokuwa yeye na mimi, na mimi nisingefungua mdomo mpaka naingia kaburini. Hata yule mzee, nadhani, alikuwa amemwachia mlango wazi apite.

Mwantum alinitazama mimi kwanza, sijui kwa nini. Halafu akamtazama yeye.

"Kabla," akasema.

Mzee akamshika Swaumu mkono, akainuka, akaanza kutembea kuelekea hotelini, na wageni wengine wakamfuata bila kuaga. Hawakuwa na kiongozi wa kuwaonyesha njia, wakakosea kona pale kwa Sikudhani, wakarudi, wakapita tena mbele yetu. Mwantum alikuwa bado amesimama palepale. Walipompita, kila mmoja wao alitazama upande mwingine.