Mchuzi Uliomfunga Fundi Ulimi

Mume wangu, Mungu amrehemu, aliniapisha nisiyatoe haya nje ya mlango wetu, lakini kwa kuwa mji mzima wa Hell-Ville na nusu ya kisiwa cha Nosy Be walikwisha kuyajua kabla jua la siku ile halijazama, sijui nilikuwa namfichia nani. Aibu yenyewe ni hii: niliwakaribisha wazee wa heshima nyumbani kwangu, nikawapikia mchuzi wa nyama, wakala, wakashindwa kusema. Chekeni tu. Na mimi siku hizi nacheka, mpaka nifike pale pa mama yangu, hapo kicheko kinakatika.

Mimi ni mzaliwa wa Mahajanga, mtaa wa Mahabibo, na watu wetu asili yao Komoro (nyumbani tulisema Kikomoro, sokoni Kimalagasi, na Kifaransa tuliwaachia waliosoma, hapa nawageuzia kwa Kiswahili ili twende pamoja). Niliolewa Nosy Be nikiwa bado binti. Miaka ya sabini ilipovuka katikati Mahajanga ikachafuka, watu wa asili yetu wakauawa, waliosalia wakapakiwa kwenda Komoro, Mama akaenda nao pamoja na kaka yangu, mimi nikabaki kisiwani kwa mume wangu. Hatukuagana. Nikazaa, nikazika, nikazaa tena, na kila nikishikwa na uchungu namwita Mama, anakuja mkunga. Nilimtamani mama yangu jinsi mtu mwenye kiu anavyotamani maji, siwezi kulisema vingine.

Basi mwaka mmoja, watoto wangu wameshaanza shule, Mama akaja kututembelea. Alipitia Mahajanga, na jambo la kwanza nililomwuliza ni kama ameiona nyumba yetu ya Mahabibo. Akasema alilala karibu na bandari, hakufika huko. Kisha akaniuliza kama kisiwani sukari inapatikana. Nikaelewa, sikumwuliza tena.

Nilichokitaka ni kimoja tu: asirudi. Akae na mimi, nimpikie, nimsikie akikohoa chumba cha pili asubuhi. Lakini nyumba ilikuwa ya mume wangu, na kwetu mama mkwe haishi tu kwa mkwewe kama mzigo uliosahauliwa. Wazee wa upande wa mume huja, wanakula, kisha msemaji wao anamwomba rasmi akae, naye akikubali anakaa kwa heshima zake. Binti kuwatangulia wazee kwa neno hilo ni kukosa adabu. Mume wangu, ambaye kusema kweli hakuwa na roho mbaya, akakubali mara moja, akaenda mpaka kijiji cha Marodoka kumwomba Fundi Abdu awe msemaji. (Kwetu fundi ni mwalimu wa dini, msije mkadhani nilimwita mtu wa mabomba.) Ikapangwa Ijumaa baada ya sala, na Mama hakuambiwa kitu, maana ndivyo inavyotakiwa.

Sasa mimi nikajiambia, Zainaba, siku hii utapika ule mchuzi wake wa Mahajanga, wa nyama na mafana. Mafana, kwa msioijua, ni mboga ya majani, na neno lenyewe kwa Kimalagasi ni moto. Ina vimaua vya manjano vidogo kama vifungo vya shati, ukikitafuna kimoja ulimi unawashwa kwanza, halafu unakufa ganzi, na mate yanakujaa kinywani kama mtoto anayeota meno. Mama alikuwa akitia majani machache mwishoni, ulimi unacheza kidogo, basi, ndio utamu wake. Nikafika sokoni, mwanamke wa mboga akaniuliza nataka majani au maua, na mimi (hapa ndipo nilipojimaliza) nikasema, lete maua.

"Mafana be, mama!" akanionya, yaani ni makali sana hayo.

Nikamjibu kwa kiburi kwamba nimekulia Mahajanga, hanifundishi kitu, na ili kumwonyesha nikachukua vimaua kadhaa vibichi nikavitafuna mbele yake, macho makavu. Akanifungia furushi zima.

Nyumbani nikawasha jiko la gesi la mafiga mawili ambalo mume wangu alikuwa amelinunua karibuni, nami bado nalishuku kwa sababu nimezoea makaa, nikaikaanga nyama pamoja na kipande cha nundu, kitunguu, tangawizi, saumu na nyanya mpaka ikashika rangi, nikatia maji, nikapunguza moto, nikaiacha ichemke taratibu. Hadi hapo hakuna wa kunilaumu. Nyama ilipolainika nikatia vimaua kidogo, nikaonja. Hakuna kitu. Nikaongeza, nikaonja, mchuzi ni kama maji ya moto! Nikalilaumu jiko la gesi, nikasema moto huu wa mtungi hauna baraka, nikaongeza tena. Haikunijia kabisa akilini kwamba ulimi wangu ulishakufa tangu kule sokoni, na kwamba kila nikionja nauzika zaidi. Wageni walipobisha hodi nilikuwa nimelimaliza furushi, nikakoroga, nikapakua.

Wanaume wakakaa sebuleni, sisi wanawake chumba cha pili, pazia katikati ili Mama asikie akiombwa. Wazee walikuwa na njaa, nao ni watu wa adabu, kwa hiyo hata kinywa kilipoanza kuwawaka hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza kulalamika nyumbani kwa watu, wakaendelea kula, tena kwa haraka zaidi. Nikasikia vijiko vimetulia. Nikasikia Fundi akijisafisha koo. Nikaushika ukingo wa nguo ya Mama bila yeye kujua.

"Mama Thainaba," akaanza Fundi. Akafuta mdomo, akaanza tena. "Mama Thainaba, thithi thote hapa..."

Nikachungulia pembeni mwa pazia. Fundi Abdu, mtu ambaye akisoma msikitini hata wapita njia husimama, ameshika mdomo kwa mikono miwili na mate yanamchuruzika kwenye kanzu yake nyeupe. Jirani mmoja aliyekuwa dirishani (na dirisha letu halikukosa jirani siku yenye harufu ya nyama) akapiga ukelele: "Fundi amepatwa na kiharusi!" Mume wangu akasimama kumtuliza, "Thi kihaluthi! Thi kihaluthi!" na hapo jirani akaona ni wawili, akatoka mbio barabarani akitangaza kwamba nyumba ile watu wamelishwa sumu. Kufumba na kufumbua watu wamejaa mlangoni, mmoja na maziwa, mmoja na mkaa wa kusaga, mmoja keshasimamisha gari la kubebea miwa ili wazee wapelekwe hospitali, na Fundi anapigana nao asibebwe, akieleza kitu ambacho hakuna aliyekielewa. Nikataka kueleza mimi. Nikafungua kinywa, nami nikatoa "thi thumu, ni mboga," watu wakapiga kelele zaidi, "Na mpishi naye!"

Mama ndiye aliyetuokoa. Alikwenda jikoni, akachovya mwiko sufuriani, akarudi ameunyanyua umejaa vimaua vya manjano, akauonyesha kila mtu mlangoni, na ule umati ukaelewa bila neno. Kisha akaketi chini palepale, akaanza kucheka. Alicheka mpaka nguo aliyojitanda ikamwanguka kichwani, machozi yanatiririka, mkono umenishika goti. Sikuwa nimemsikia akicheka tangu Mahajanga. Nakwambieni, katikati ya fedheha ile yote, watu wananitazama kama mwendawazimu, mimi nilikuwa na furaha ambayo sijaipata tena.

Lakini neno halikusemwa. Fundi aliondoka amejifunika leso mdomoni, akatuma ujumbe kwamba tutapanga siku nyingine, na siku nyingine haikupatikana kwa sababu kila alipopita mjini watoto walimwimbia "thithi thote", akaacha kabisa kuja. Mimi nikabandikwa jina la Mama Mafana, nikawa naona haya hata kwenda kuomba mzee mwingine. Mume wangu akaniambia, "Si umwambie mwenyewe? Ni mama yako." Nikamjibu si adabu. Nikamngoja Mama aseme, naye hakusema, siku zikaenda, akafunga mzigo.

Nilimsindikiza kwa boti mpaka Ankify, kule bara, apande gari la kwenda Mahajanga na kutoka huko meli ya Komoro. Akakaa karibu na dirisha. Nikasimama nje nimelishika lile dirisha, namtakia safari njema tu, na yeye akaniinamia.

"Ile siku ya wageni," akasema, "nilidhani wamekuja kuniomba nikae. Nilivaa shiromani langu la harusi, lile la kujitanda, hukuliona?"

Nikasema, "Mama, ndivyo. Ndivyo walivyokuja."

Akaushika mkono wangu pale dirishani. "Mbona hukuniambia? Nilikuwa nangoja. Sasa nimeshampelekea kaka yako habari, amenitengea chumba." Dereva akawasha gari, likanguruma vibaya, na mimi ndipo nilipokumbuka kwamba nina kinywa, nikapiga kelele mbele ya abiria wote, kaa, Mama, shuka, kaa na mimi! Gari likaondoka. Aliniinulia mkono, sijui kama alisikia, na hatukuonana tena mpaka habari ya msiba iliponifikia kutoka Moroni, kule Komoro.

Kwa hiyo msinione sina haya ninapomng'ang'ania mgeni mlangoni. Mafana sitii tena kwenye chungu changu, jani wala ua, hilo nimeapa. Na mtu wangu nikitaka akae, simtumii mzee wala fundi kunisemea. Namwambia mimi mwenyewe, tena namwambia kabla hatujala.