Mwamba Unaoitika

Mdogo wangu hakuwahi kuiona bahari mpaka alipokuwa mtu mzima, na alipoiona, ufukweni Dar, alisema, "Ndiyo hii tu?" Nilicheka mpaka nikakaa mchangani. Bahari yake yeye, ile aliyoitunga tukiwa wasichana wadogo kule Ngara, ilikuwa na samaki waliopanda nchi kavu asubuhi kuota jua, na mawimbi yaliyosimama kuwapisha wazee. Katikati yake palikuwa na Mwamba Unaoitika.

Nieleze vizuri, maana yeye hakupenda mwamba wake uelezwe ovyo. Ulikuwa mrefu kuliko mlima wowote, na rangi yake ilikuwa ile ya anga ya jana. Ukifika chini yake ukamwita mtu unayempenda, ataitika, popote alipo, hata kama alishakufa. Ataitika tu, basi, hakuna mazungumzo. Na kila mtu alikuwa na wito mmoja maisha yake yote. Kwa hiyo watu wa nchi ile walipita pale na mitumbwi yao wamejiziba midomo, wasije wakaropoka. Kulikuwa na mzee mmoja aliyemwita mbuzi wake kwa bahati mbaya. Mbuzi akalia "mee," na wito wa mzee ukawa umekwisha. Tulimcheka mzee yule miaka na miaka. Mwanaume mzima!

Tulipokuja Kigali, ambako wazazi walisema ndiko nyumbani, Kinyarwanda chetu kilichekwa shuleni, nasi tukabaki na Kiswahili chetu na nchi yetu ya kutunga. Hata tulipokua, mimi na duka la vitenge Remera, yeye mwanakwaya wa kutegemewa, alikuwa akinipigia simu mchana wateja wamejaa: "Dada, leo nimeamua mwamba una mlango."

"Mlango wa nini tena? Nina watu hapa!" Ndivyo nilivyo. Mama alizoea kusema nilizaliwa nimenuna.

Kisha sauti yake ikaanza kukwaruza. Tulidhani ni mafua, tukahangaika na tangawizi na asali. Daktari alipotuita, alisema ni saratani ya koo, na ili kuiondoa lazima kikoromeo chote kitoke. Ataishi, alisema, lakini hatasema tena kama zamani.

"Na kuimba?" mdogo wangu akauliza.

Daktari akatazama dirishani. Nilimchukia bure, maskini, hakuwa na kosa lolote.

Siku moja kabla ya upasuaji nilifunga duka mapema, nikapanda pikipiki na chupa ya uji mkononi. Nilikuwa na jambo moja tu kichwani: sauti yake yote iliyobaki niipate mimi, peke yangu. Uchoyo, ndiyo. Nafika wodini, kitanda kimezungukwa na kwaya nzima. Walikuwa wameimba, wakaomba, wakaomba tena. Halafu kiongozi wao, mama mmoja mnene mpole, akaniambia, "Dada, iko wimbo moja ya mwisho. Yeye aanzishe tu, sisi tutapokea." Na mdogo wangu, ambaye hajui kumnyima mtu kitu, akavuta pumzi.

"Haanzishi!" Nilishtuka kusikia ni mimi. "Nyie mmemsikia kila Jumapili. Nendeni nyumbani."

"Ihangane, dada," yule mama akasema, yaani nivumilie.

"Nimevumilia tangu sala ya kwanza. Tokeni!"

Walitoka mmoja mmoja, Biblia kwapani. Mdogo wangu alicheka kwa ile sauti yake ya kukwaruza mpaka akashika koo. "Umewafukuza watu wa Mungu."

"Mungu ananijua." Nikatoa simu. "Sema kitu nikurekodi. Chochote."

"Sitaki. Utakaa dukani unanisikiliza na kulia mbele ya wateja. Weka simu."

Tuligombana, kweli tuligombana, na muda wenyewe ulikuwa ndio ule. Mwishowe niliitupa simu mkobani, machozi yananilenga. Ndipo akasema anataka kwenda mwambani, akatumie wito wake. Nilijua atamwita mama, ambaye alikuwa ameshatutoka. Utotoni mimi ndiye niliyekuwa mwamba, nikiitika kwa sauti ya kila aliyeitwa, basi nikasafisha koo, nikaanza kuitafuta sauti ya mama.

"Dada!" akaita.

"Nini tena?" nikajibu, kwa mazoea.

Akatikisa kichwa. "Mwamba hauitiki hivyo."

"Lakini mimi niko hapa hapa! Umeupoteza bure, kama yule mzee wa mbuzi."

"Itika."

"Abee," nikasema, na sauti ikanikatikia njiani.

Akaridhika, akaomba uji. Maneno yaliyobaki yalikuwa ya uji huo, kwamba nimetia sukari nyingi.

Sasa anaishi na mimi Rebero. Amepona, na namshukuru Mungu kwa moyo wote. Ana tundu dogo shingoni, analifunika kwa kitenge ninachomkatia dukani, na anaandika kwenye simu haraka kuliko ninavyosoma. Tatizo ni langu mimi. Nikifika getini, mdomo unamwita kabla sijafikiri. Zamani angeitika kutoka jikoni, yakaisha, kila mmoja akaendelea na lake. Sasa anaacha sufuria motoni, anakausha mikono, anashuka ngazi zote zile mpaka getini, anasimama mbele yangu nimwone. Ndivyo anavyoitika. Siku moja mvua ilikuwa inanyesha, akaja hivyo hivyo, amelowa chapachapa, anahema kwa lile tundu, anatabasamu.

Niliumia sana. Tangu siku ile naingia kimya. Nafungua geti taratibu lisilie, napanda ngazi, namkuta jikoni amesimama na mwiko mkononi, ametega sikio upande wa getini, anangoja nimwite.