Maji ya Kokoa Usoni

Chunusi zilinianza mwaka niliomaliza darasa la saba, kwanza kwenye paji la uso, kisha mashavu yote. Vijana wa mashine ya kukoboa mpunga hapa Ndandalo wakiniona na debe kichwani waliuliza, "Dada, hapo usoni umeanika ulezi?" Nikawa napita njia ya nyuma, kwenye migomba.

Mwaka juzi bibi mzaa mama, mfinyanzi wa vyungu kule Ikombe ufukweni mwa ziwa, kunakofikiwa kwa mtumbwi, alituma ujumbe kwamba nikakae naye. Alinitaja mimi, si dada zangu, kwa sababu likizo za shule ni mimi niliyekuwa nikimkandia udongo.

"Mwambie nitakuja uso ukipona," nilimwambia mama.

"Bibi yako amekuita wewe au ameuita uso?"

"Mama, siwezi kushuka kwenye mtumbwi watu wananitazama hivi."

Nilitaka nipone haraka ili niende. Nyumbani tunavundika kokoa kwenye tenga lililofunikwa majani ya mgomba, na chini yake huchuruzika maji machachu. Ukiacha hapo jembe lenye kutu, kesho yake linang'aa. Nikafikiri chunusi ni uchafu ulioganda kwenye vitundu vya ngozi, na maji yale yatautoa. Nilikinga kikombe, nikajisugua kwa gunzi siku tatu. Siku ya nne ngozi ilikuwa imebabuka, inatoa majimaji, na kufungua mdomo kulikuwa kazi.

Mama alinipeleka zahanati. Daktari alinitazama, hakunicheka.

"Nani amekwambia huu ni uchafu?"

"Hakuna."

"Mdogo wangu, ngozi ina vitundu, na vinatoa mafuta. Umri wako mafuta huwa mengi, yanaziba humo ndani, kipele kinavimba. Usisugue, usitumbue. Kidonda hiki kikikauka, osha kwa sabuni isiyo kali asubuhi na jioni, ndipo upake dawa hii, kidogo tu. Na usiwe na haraka. Ni miezi."

Miezi. Mama alimpigia simu mama mdogo, anayeishi na bibi, kumwomba bibi asubiri. Bibi akasema sawa, ila nisichelewe sana.

Nilifuata kila nilichoambiwa. Vipele vilipungua polepole mno. Vilipobaki vichache kidevuni, mama akasema twende sasa. Nikasema bado wiki mbili. Wiki hizo hazikuisha, bibi akafariki.

Nilishuka Ikombe na watu waliokwenda msibani, nimejifunika kanga hadi chini ya macho. Mama mdogo alinipokea pale pale kwenye mchanga. Akaishusha kanga, akanitazama huku machozi yanamtoka.

"Ni hivi tu?"

Niliikamata kanga nijifunike tena.

"Bibi yako alikuwa haoni tangu masika. Alitukataza kuwaambia. Alitaka wewe ukae naye, umkandie udongo, yeye afinyange kwa kupapasa. Kila mtumbwi ukifika anauliza kama umo."

Nilitaka kusema samahani, lakini sikujua namwambia nani. Alinishika mkono tukapanda hadi nyumbani, nikakaa mkekani na wanawake. Kila aliyeingia alinipa mkono, akanipa pole, akasogea kwa mwenzangu. Hakuna aliyeyatazama mashavu yangu.