Mizinga Mitupu ya Butiama

Niliondoka Musoma nikiwa na hakika kwamba naibiwa. Marehemu mume wangu aliacha mizinga kumi ya nyuki kwenye msitu wa kilima huko Butiama, na mdogo wake, Magesa, ndiye anayeitunza. Kila mwaka alikuwa akituletea ndoo mbili za asali nyumbani kwetu Bweri, hapo Musoma. Mwaka huu alileta chupa moja, akasema nyuki wamehama. Sikumwamini.

Saa tatu asubuhi nilikuwa sokoni Bunda, alikozoea kuuza asali, maana nilitaka kuuliza huko kabla Magesa hajajua. Mama mmoja muuza asali alimfahamu. Nikamuuliza kama mwaka huu amemletea nyingi.

"Huyo alikuwaga ananiletea zamani," alisema. "Mwezi uliopita alikuja kununua. Chupa moja tu."

Ndipo nilipozidi kumshuku. Mwenye mizinga kumi ananunua asali ya nini? Labda ameuza mizinga yenyewe, au amewaachia wachoma mkaa msitu wote.

Saa saba mchana nikashuka Butiama bila kupiga simu. Magesa alikuwa anapukuchua mahindi. Nilimwambia nataka kuiona mizinga, naye akatangulia. Njia nzima nilitafuta visiki vipya, sikuviona. Miti ilisimama, ila mingi ilikuwa imekauka kuanzia juu, na kijito tulichokuwa tukikivuka kwa kukunja nguo kilibaki mchanga mtupu. Mizinga yote kumi ilikuwepo. Nikamwambia afungue mmoja mmoja. Ndani mlikuwa na utando wa buibui na masega makavu.

"Migunga ilikuwaga inatoa maua mapema, nyuki wanashiba," alisema. "Mwaka huu jua lilikausha karibu yote. Machache yaliyobaki, mvua ilikuja kwa fujo ikayapukutisha siku moja."

Nikamuuliza kuhusu Bunda. Akainama.

"Niliona aibu kuja kwa watoto wa kaka mikono mitupu, shemeji."

"Kwa nini hukuniambia ukweli?"

"Nilikwambia nyuki wamehama. Hukuniamini."

Kabla sijaondoka tulishusha mizinga miwili, tukaitundika bondeni karibu na kisima, ingawa hakuna kati yetu aliyejua kama nyuki watakuja.

Kwenye gari la kurudi Musoma nilijijua vizuri kuliko nilivyopenda. Nilikuwa nimetamani kumkuta mwizi. Mwizi ningempeleka kwa mwenyekiti wa kijiji, na mwaka ujao asali ingekuwepo.