Maji ya Kunawa

Siku korti ilipompa mdogo wangu amri ya muda ya kumlinda, alirudi nyumbani akalala mchana kweupe, mlango wazi, mdomo wazi. Nilikaa kando yake nikimfukuzia nzi. Amri ilisema mumewe asimguse, asimtishe, wala asikanyage nyumba ile ya kando ya mto Tana wala shamba la nyuma yake, mpaka kesi isikizwe. Nilikuwa nimehamia kwake kwa sababu mkono wake ulikuwa bado kwenye plasta, na kwa sababu yule mwanamume simwamini hata akiwa ng'ambo.

Tuliambiwa aliipokea amri kimya. Hakutukana, hakupiga meza. Miaka yote nilimjua kwa makelele yake, na ukimya huo ulinitia hofu kuliko makelele yoyote.

Baada ya siku chache wakaja wazee wa upande wake, wakiongozwa na baba yake mdogo, na kilo ya sukari na jogoo aliyefungwa miguu. Mama yetu alikuwa amekuja kutuona kutoka Tarasaa. Mama ni mtu ambaye hata mwizi akipiga hodi wakati wa chakula atamwekea sahani. Akapika wali na samaki, akamwambia mdogo wangu alete maji. Naye akapita na birika kwa mkono wake mmoja mzima, mimi nikishika beseni, akawanawisha mzee mmoja mmoja. Wakala, wakaomba dua ndefu, wakaenda zao. Hakuna aliyeomba msamaha, na hakuna aliyesamehe.

Jogoo hajazoea hata banda, mtu wa bodaboda akatuletea karatasi za korti. Shemeji yangu alikuwa anataka amri iondolewe. Katika hati ya kiapo alisema familia zimeshapatana: wazee wamelishwa, jogoo amepokelewa, na mkewe kwa hiari yake amemnawisha baba mkwe mikono. Mke mwenye kinyongo na ukoo, alisema, hawanawishi wakwe. Ubaya ni kwamba kwetu jambo hilo ni kweli, na kila mtu analijua.

Mama alikaa chini kwenye mkeka. "Kwani mgeni ale na mikono michafu?" akasema. "Mimi nilipika wali, wanangu. Sikupika msamaha."

Kortini hakimu alimuuliza mdogo wangu kama kweli aliwanawisha.

"Niliwanawisha, mheshimiwa."

"Umemsamehe mumeo?"

"La. Wale walikuwa wageni."

Watu kwenye viti vya nyuma wakaguna. Walimwona mwanamke mwenye kiburi, na mimi nilitamani kuwageukia mmoja mmoja niwaonyeshe ule mkono. Lakini hakimu alielewa. Akasema amri haiondolewi. Nikashusha pumzi.

Ndipo shemeji akanyoosha mkono, kwa adabu kabisa, akasema yeye ni mkulima, hana kingine, na lile shamba ndilo chakula chake. Aruhusiwe tu kuingia mchana. Mdogo wangu akasema njia ya shambani inapita mlangoni kwake. Hakimu akailegeza amri: aingie shambani mchana, asisimame kwenye nyumba, asimsemeshe mkewe.

"Mheshimiwa, atakuja na panga," mdogo wangu akasema.

Watu wakacheka. Mkulima aje na nini, kijiko?

Sasa anakuja kila asubuhi. Hamsemeshi mkewe, hata dirisha lake halitazami. Mimi ananisalimu vizuri, maana mimi simo kwenye amri. Anashuka mpaka mwisho wa shamba, anakaa karibu na maji, na tunaanza kusikia panga likinolewa kwenye jiwe. Mpunga ulishavunwa kabla hajafukuzwa. Mle hamna hata jani la kukata. Mdogo wangu anashinda ndani na joto lote hili, madirisha yamefungwa.

Leo shemeji alipokuwa akirudi alisimama njiani, nje kidogo ya ua wetu, miguu yote miwili kwenye njia aliyopewa na korti. Panga alikuwa amelibana kwapani. Akanyoosha mikono yote miwili, viganja juu.

"Shemeji, nisaidie maji ninawe."

Pipa lilikuwa pale pale ubavuni kwangu, limejaa, na kata ya kuchotea iko juu yake. Kwetu maji hayanyimwi mtu, hata mtu wa namna gani. Mama angemchotea kabla hajamaliza kusema.

"Maji hakuna," nikasema.

Akalitazama pipa, akanitazama mimi. Akatabasamu.

"Haya, shemeji. Nitanawa kesho."

Nyuma yangu nikamsikia mdogo wangu akisukuma komeo.