Nilikuwepo, Wakaandika Sikufika

Ninyi vijana, wenye vyeti na msio navyo, someni taratibu. Mimi niliishia darasa la pili, sitawachosha.

Ipo siku moja naikumbuka mpaka baridi yake. Biashara ya mahindi ilikuwa imeachiwa watu binafsi, na ghala nililofanyia kazi hapa Sumbawanga limepata tajiri mpya. Kazi yangu ilikuwa kukagua mahindi ya wakulima kabla hayajapokelewa. Tajiri akatoa amri: mkaguzi awe na cheti cha darasa la saba. Asiye nacho anaweza kusamehewa, ila kwanza afike Jumatatu ajieleze kwa meneja.

Nilifika mapema, nikakaa juu ya gunia nje ya ofisi, nangoja kuitwa. Sisi Wafipa tulilelewa hivyo, wanangu: mwanamke haingii penye kikao cha wanaume mpaka aitwe. Tena nikajiambia, chema chajiuza. Miaka tisa ya kazi si itajisemea?

Saa sita karani akatoka. "Mama, tumemaliza. Wewe umeandikwa hukufika."

Sikufika, naye ameniruka miguu mara nne akienda chooni.

Nikachukua kapu langu niondoke. Mama Nakazwe, mzee aliyefagia ghala, akanizuia kwa fagio.

"Unakwenda wapi?"

"Nyumbani. Wameshaamua."

"Wameamua nini, na hawajakusikia? Umekaa hapa kama mshenga anayengoja kupewa mkeka. Kazi yako haina mdomo, wewe unao. Ingia."

Nikaingia. Nikapiga goti, nikasalimia, nikasema, "Meneja, nilikuwepo. Cheti sina. Kabla hujaniondoa, nisikilize."

Akaweka kalamu chini. "Haya mama. Utajuaje mahindi yenye unyevu, na kipimo hujui kukisoma?"

"Niletee mahindi."

Yakaja makopo matatu. Nikang'ata punje mojamoja. Kopo la kwanza, kavu. La pili, kavu. Punje ya tatu ikakubali jino bila kulia. "Haya yarudi juani," nikasema.

Karani akatumbukiza kipimo, akatazama, akakitikisa, akatumbukiza tena. Meneja akacheka mpaka akashika meza. "Kipimo kinamuunga mkono mama. Futa hapo. Andika, asamehewe cheti."

Nilirudi nyumbani, mtaa wa Katandala, nikiimba njia nzima, na mjue sauti sina.

Sasa sikieni. Kusikilizwa si fadhila, ni haki yako, hata kama jibu litakuwa hapana. Lakini haki haikufuati ulipokaa. Heshima ni kupiga hodi. Nawe ukiwa ndiye mwenye kalamu, chungulia nje kabla hujaandika. Mungu awape ulimi mnyoofu, na wakubwa wenye masikio.

Jioni ile niliwakusanya watu wa nyumbani kwangu kabla ya ugali, nikaweka amri ambayo haijafutwa: "Kuanzia leo, hakuna atakayechapwa humu ndani kabla ya kuulizwa, na hakuna atakayenuna pembeni. Mwenye neno alitoe sasa, kisha tule."