Godoro la Baba na Sahani za Galisia

Nilikuwa naandika kwa Kiswidi ili mama yangu asiweze kusoma. Nililikana jambo hili miaka mingi, tena kwa hoja nzuri: wasomaji wako huku, wachapishaji wako huku, na Kiswahili cha Stockholm ni cha kanisani na misibani. Sikusoma chuo kikuu bure; hata uwongo naweza kuuwekea tanbihi. Na mchana nilikuwa mwalimu wa Kiswahili huko Skärholmen, kitongoji cha Stockholm, nikiwagombeza watoto wa Warundi na Wakongo kwa kunijibu kwa Kiswidi.

Aliyenikamata ni jirani yangu wa Fisksätra, bibi mmoja mwandishi kutoka Galisia, pembe ya Hispania yenye lugha yake. Alikuja Uswidi akiwa msichana, akazeekea hapa, na vitabu vyake vyote aliviandika kwa Kigalisia. Wanawe wenyewe hawakuweza kuvisoma. Tulizoeana kwenye chumba cha kufulia cha jengo letu, ambako zamu yako ikiisha, nguo zako hutupwa kapuni hata kama zinachuruzika.

"Unaandika nini siku hizi?" aliniuliza akikunja shuka.

"Habari za mama, na jinsi baba alivyotuhama."

"Kwa lugha gani?"

"Kiswidi."

"Mama yako anakijua?"

"Hajui hata neno."

"Basi huandiki. Unamsengenya."

Nilicheka. Yeye akaendelea na shuka.

Alikuwa na utaratibu wake. Kila Jumapili alinunua kadi ya simu, akampigia dada yake kijijini na kumsomea alichoandika wiki ile. Dada hakusifu wala hakulaumu. Ila akichoka alianza kuosha vyombo, na bibi akisikia sahani zinagongana, aliifuta aya ile.

"Na akipendezwa?"

"Anafunga bomba."

Nikachukua sura yangu ya kwanza, nikaiandika upya kwa Kiswahili. Ilitoka ngumu kama tangazo la serikali; mwalimu mzima nilihangaika na sentensi ambazo mama angezisema huku akimenya vitunguu. Ilihusu siku baba alipohamia kwa mke mdogo, godoro kichwani. Nyumbani siku hiyo haikutajwa kamwe. Nikamwambia bibi kwamba mama akinikatia simu, narudi kwenye Kiswidi na kitabu cha Kiswahili nakizika.

"Mpigie kwanza," akasema.

Jumapili nikapiga Kigoma.

"Mama, shikamoo. Kuna kitu nataka kukusomea."

"Marahaba. Barua ya nani?"

"Yangu mwenyewe."

"Una simu, unaandika barua? Haya soma, mimi napika."

Nikasoma. Nyuma yake redio ilikuwa ikitangaza vifo, na mwiko ukigonga sufuria. Nilipofika pale baba anapotoka mlangoni na godoro, mwiko ukanyamaza. Nikaendelea kwa sauti ndogo, nikingoja simu ikatike.

"Hebu ngoja," mama akasema.

Redio ikazimwa. Nikasikia kiti kikiburutwa, naye akiketi.

"Haya. Rudia hapo kwenye godoro. Umesema alilichukua mwenyewe. Nani kakudanganya? Nilimtwisha mimi, tena nilikuwa nimeshalimwagia ndoo nzima ya maji. Andika hivyo, kisha endelea."